Kamera Mwaloni: Kazi za Hubert Sauper na Namna ya Kuisoma Filamu

Utangulizi

Wako watu wanaodhani kwamba elimu ya siasa huishia kwenye hotuba, vitabu na mikutano. Watu hao hushangaa wanapoona somo la filamu limewekwa katika ratiba ya mafunzo ya makada. Mshangao huo hauna msingi. Filamu ni chombo cha kueleza mambo, na kila chombo cha namna hiyo kina mtu aliyekishika, kina upande kinaoutazama, na kina mambo kinayoyaacha nje. Mwananchi asiyewahi kusoma kitabu cha uchumi anaweza kutazama filamu ya saa mbili akaondoka na msimamo kamili juu ya nchi fulani, watu wake na biashara yake, bila kutambua kwamba amefundishwa.

Makala hii inaeleza kazi za mtengenezaji filamu mmoja, Hubert Sauper, mzaliwa wa Austria. Mwaka 2004 ndugu huyo alitoa filamu iitwayo Darwin's Nightmare, yaani Jinamizi la Darwin, iliyopigwa hapa Mwanza na kando ya Ziwa Victoria. Ulaya iliipa tuzo. Tanzania iliilaani. Wananchi wakaipa jina lao wenyewe: filamu ya mapanki.

Hoja yetu ni moja. Filamu ile ilikusanya mambo mengi ya kweli, lakini baadhi yake iliyafungamanisha kwa kudokeza pasipo kuthibitisha. Sisi nasi, badala ya kuchambua lipi limethibitishwa na lipi limedokezwa, tulitumia nguvu nyingi kutetea jina la mji. Matokeo yake ni kwamba swali la msingi, yaani nani anayefaidi samaki wa ziwa hili, lilizama katikati ya mabishano. Ili tulielewe jambo hili vizuri, hapana budi kuanza na mtu mwenyewe, kisha uchumi aliokuja kuupiga picha, kisha mbinu yake.

Mtu na njia yake

Hubert Sauper alizaliwa mwaka 1966 huko Kitzbühel, mji ulioko katika milima ya Tyrol, Austria. Alisomea utengenezaji wa filamu Vienna, halafu Paris, na Ufaransa ndiko alikofanya makazi. Kazi aliyoichagua ni filamu ya hali halisi, maana yake filamu isiyotumia hadithi ya kubuni wala waigizaji, bali watu wenyewe, mahali penyewe na mambo yanayotokea mbele ya kamera.

Kazi iliyomleta katika sehemu zetu ilikuwa Kisangani Diary, filamu ya dakika 45 iliyotoka mwaka 1998. Katika filamu hiyo aliwafuata wakimbizi wa Rwanda waliokuwa wamekwama katika misitu ya Kongo mwaka 1997, kando ya reli iendayo kusini mwa Kisangani. Walikuwa watu waliotembea mamia ya kilometa wakikimbia vita, wengi wao wakifa njiani kwa njaa na maradhi, na dunia haikuwa na haja ya kuwatazama.

Ni katika safari za wakati huo ndipo alipofika Mwanza. Mwenyewe ameeleza kwamba mwaka 1997 aliona ndege mbili kubwa za mizigo, zote zimejaa chakula. Moja ilileta tani 45 za njegere za manjano kutoka Marekani kwa ajili ya wakimbizi waliokuwa katika kambi za Umoja wa Mataifa. Nyingine ilikuwa inaondoka kwenda Ulaya na tani 50 za samaki wabichi. Chakula kinaingia kama msaada, chakula kinatoka kama bidhaa. Hapo ndipo filamu ya miaka saba baadaye ilipozaliwa.

Tuseme wazi: macho yaliyoliona jambo hilo yalikuwa macho ya mtu anayefikiri. Maelfu ya watu walipita katika uwanja ule wa ndege, wakaziona ndege zile zile, wasiulize lolote.

Uchumi wa sangara kabla ya kamera

Kamera ilipofika Mwanza ilikuta mambo yaliyoanza zamani. Ziwa Victoria lina eneo la takriban kilometa za mraba 68,800, na zaidi kidogo ya nusu yake iko Tanzania. Kwa karne nyingi wenyeji wa kando yake walivua sato wa asili, ngege, kambare, ningu, na hasa furu, visamaki vidogo vya aina mamia kadhaa. Furu walianikwa juani tu wakakauka. Hawakuhitaji kuni, na biashara yao ilikuwa mikononi mwa akina mama.

Kuanzia miaka ya 1950, wakati wa ukoloni, sangara aliletwa ziwani kutoka maji mengine na kupandikizwa upande wa Uganda, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 akaongezwa upande wa Uganda na Kenya. Nia ilikuwa kupata samaki mkubwa mwenye thamani. Wenyeji wa ziwa hawakuitishwa mkutano. Sangara ni mlaji wa samaki wengine, naye akikomaa anaweza kupita kilo mia moja. Katika miaka ya 1980 aliongezeka kwa kasi ya kutisha, na furu wakatoweka kwa kasi hiyo hiyo. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Leiden, Uholanzi, waliokuwa wakifanya kazi katika Ghuba ya Mwanza tangu mwaka 1977, walilishuhudia jambo hili kwa nyavu zao za utafiti: mwaka mmoja nyavu zimejaa furu, miaka michache baadaye zimejaa sangara.

Mabadiliko ya samaki yalileta mabadiliko ya uzalishaji. Sangara ana mafuta mengi, haukauki juani kama furu. Lazima abanikwe kwa kuni, akaangwe au awekwe kwenye barafu. Barafu inataka mtambo, mtambo unataka mtaji. Baada ya mwaka 1986, nchi ilipokubaliana na Shirika la Fedha la Kimataifa na kulegeza masharti ya biashara, mtaji huo ulipata njia. Katika miaka ya 1990 viwanda vya minofu vilijengwa Mwanza kimoja baada ya kingine.

Tuangalie sasa mnyororo wenyewe. Mvuvi wa kawaida hamiliki mtumbwi. Ni kibarua anayelipwa fungu la mapato baada ya kuondoa gharama za mafuta, barafu na chakula. Mwenye mtumbwi naye mara nyingi amekopeshwa nyavu na mashine na wakala, na kwa sababu ya deni hilo hana budi kumwuzia wakala yule yule kwa bei iliyopangwa na mwingine. Wakala anapeleka kiwandani. Kiwandani mnofu unatolewa, nao ni chini ya nusu ya uzito wa samaki. Mnofu unapanda ndege au unaingia kwenye kontena. Bondo linauzwa Asia kwa bei kubwa. Kinachobaki, yaani kichwa na mgongo wenye mifupa, ndicho mapanki. Mapanki yanarudi mitaani, yanaanikwa, yanakaangwa na kuuzwa kwa wenye kipato kidogo, na sehemu nyingine inasagwa kuwa chakula cha mifugo.

Msomaji atambue kwamba hakuna hata sentensi moja katika aya hii inayohitaji filamu ili iaminike. Kila kada anayeishi Kirumba au Igombe anayajua haya. Kinachokosekana ni mtu wa kuyapanga na kuyasema.

Jinsi filamu ilivyotengenezwa

Sauper alifanya kazi na kikundi kidogo mno, mara nyingi yeye na msaidizi mmoja, wakiwa na kamera ndogo. Ameeleza kwamba ili kuingia alikotaka, walijifanya watu mbalimbali. Katika ndege za mizigo walijivika hadhi ya marubani na wapakiaji. Vijijini walidhaniwa wamisionari. Viwandani mameneja waliogopa kwamba ni wakaguzi wa usafi kutoka Umoja wa Ulaya. Katika hoteli kubwa walikuwa wafanyabiashara. Mbinu hiyo inaleta picha ambazo kibali rasmi kisingezileta. Lakini pia inaleta swali la haki: je, mtu anayezungumza mbele ya kamera anajua anazungumza na nani, na kwa ajili ya nini?

Filamu yenyewe ina dakika 107. Haina msimulizi. Inaanza na kivuli cha ndege kikipita juu ya maji ya ziwa, halafu mwongozaji wa ndege akihangaika na wadudu ndani ya mnara wake. Baada ya hapo tunawaona marubani kutoka nchi zilizokuwa za Kisovieti, wasichana wanaowastarehesha kwa ujira, watoto wa mitaani, mlinzi wa usiku mwenye upinde na mishale, wajumbe wa Ulaya wakisifu usafi wa kiwanda, na mapanki yakianikwa kwenye chanja huku funza wakitambaa. Katikati ya picha hizi zinaingizwa habari za njaa nchini. Na tangu mwanzo hadi mwisho swali moja linarudiwa kwa marubani na kwa watu wengine: ndege hizi zinapokuja Mwanza zinaleta nini?

Hapa ndipo tunapopaswa kuielewa mbinu. Katika miaka ya 1920 mtengenezaji filamu wa Kisovieti, Lev Kuleshov, alifanya jaribio maarufu. Alichukua picha ya uso wa mwigizaji mmoja, uso usioonyesha chochote, akaiunganisha na picha nyingine. Baada ya uso likaja bakuli la supu, watazamaji wakasema mtu huyu ana njaa. Baada ya uso ule ule likaja jeneza, wakasema ana huzuni. Uso haukubadilika. Kilichobadilika ni jirani yake. Kwa hiyo katika filamu maana haimo ndani ya picha peke yake, imo pia katika mshono baina ya picha na picha. Na mshono huo haushoni kitambaa chenyewe. Unashonwa ndani ya kichwa cha mtazamaji.

Sauper ni bingwa wa mshono. Anaonyesha ndege ya samaki, kisha njaa. Anaonyesha rubani, kisha vita. Hasemi kwamba hiki kimesababisha kile. Anamwachia mtazamaji aseme.

Kilichothibitishwa na kilichodokezwa

Kada hawezi kuridhika na kusema filamu ni nzuri au mbaya. Lazima aipasue. Tuchukue mambo matatu.

(a) Mapanki. Kwamba mapanki yaliliwa na watu ni kweli, na kwamba mnofu ulikwenda Ulaya ni kweli. Waliodai kwamba mapanki yote ni chakula cha kuku hawakusema ukweli wote. Lakini aliyetazama filamu ile akaamini kwamba watu wa Mwanza hawana chakula kingine ila funza na mifupa, naye hakuambiwa ukweli wote. Dagaa, sato, ugali, viazi na mihogo vilikuwepo sokoni siku zile zile. Swali la kisiasa si kama mapanki ni aibu. Swali ni kwa nini mtu anayeishi kando ya ziwa ashindwe kununua mnofu wa samaki wa ziwa hilo. Jibu lake liko kwenye bei: mnunuzi wa Ulaya analipa zaidi, na katika soko huria samaki humfuata mwenye fedha.

(b) Silaha. Hili ndilo lililozua moto mkubwa kuliko yote. Filamu inadokeza kwamba ndege zinazochukua samaki huleta silaha katika nchi za Maziwa Makuu. Kwamba ndege za aina ile zilibeba silaha katika vita vya Afrika si jambo la kubishaniwa, na katika filamu yumo rubani anayeeleza jinsi alivyopeleka shehena ya kivita Angola. Lakini ndani ya filamu hakuna sanduku linalofunguliwa Mwanza likaonekana lina bunduki. Kuna ushuhuda wa mahali pengine, kuna maneno ya watu, na kuna mshono. Mwanafunzi wa siasa anapaswa kuyatofautisha mambo haya matatu kwa utulivu. Dokezo linaweza kuwa mwanzo wa uchunguzi, lakini haliwezi kuwa mwisho wake.

(c) Ziwa. Jina la filamu linamtaja Darwin, kwa maana kwamba mwenye nguvu amemla mnyonge, ziwani na nchi kavu. Hasara ya furu ni ya kweli na ni kubwa. Hata hivyo, sangara hakuwa peke yake. Uchafu na mbolea kutoka mashambani na mijini, upungufu wa hewa ndani ya maji, na magugu maji ya miaka ya 1990 vilishiriki. Aidha, baadhi ya aina za furu zilianza kurudi tangu miaka ya 1990 sangara alipovuliwa mno. Vilevile unyonyaji si kanuni ya maumbile kama samaki kumla samaki. Unyonyaji ni mpango wa watu, na mpango wa watu hubadilishwa na watu. Katika jambo hili jina la filamu linapotosha kuliko picha zake.

Kuna na jambo la nne ambalo wakosoaji wengi hawakuligusa. Filamu inaonyesha umaskini wa mvuvi kwa nguvu, lakini haituelezi jinsi bei inavyopangwa kati ya kiwanda, wakala na mwenye mtumbwi. Mirija haionekani. Tunaona aliyenyonywa amekonda, tunaona ndege ikiruka imenona, lakini mrija unaowaunganisha haukupigwa picha. Mrija huo si sanduku la siri. Umo katika daftari la wakala.

Majibu yalivyotolewa

Filamu ilionyeshwa kwanza Venice mwaka 2004, na mwaka huo huo ikapata tuzo ya filamu bora ya hali halisi ya Ulaya. Mwaka 2006 ilipata tuzo ya César nchini Ufaransa na ikawa miongoni mwa zilizoshindania tuzo ya Oscar. Huko Ufaransa watu wengine walianza kuhimiza kususia sangara. Tuliangalie jambo hili kwa makini. Mtu wa Paris anayeacha kununua mnofu anaona amemsaidia mvuvi wa Ukerewe. Kumbe bei ikishuka, wa kwanza kuumia ni yule yule mvuvi, kwa kuwa kiwanda humshushia wakala, na wakala humshushia mwenye mtumbwi, na mwenye mtumbwi hukata fungu la kibarua. Huruma isiyojua mnyororo humwangukia mnyonge.

Hapa nyumbani, katikati ya mwaka 2006, Rais Jakaya Kikwete akiwa Mwanza aliipinga filamu hiyo hadharani, hasa madai ya silaha na picha iliyotolewa juu ya mapanki. Maandamano ya kuilaani yalifanyika mjini. Wananchi wengi walioizungumzia waliijua kwa kusimuliwa tu. Mwandishi wa habari mmoja wa Mwanza, aliyeonekana ndani ya filamu, alihojiwa na polisi na uraia wake ukatiliwa shaka.

Serikali ilikuwa na haki ya kukanusha isichokikubali, na madai mazito kama ya silaha yalistahili kudaiwa ushahidi. Lakini kumhoji raia kwa sababu ya maneno aliyosema mbele ya kamera hakuongezi bei ya sangara hata kwa senti moja. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua. Kama ndani ya filamu kulikuwa na uongo, dawa yake ilikuwa kuionyesha wazi mwaloni, wavuvi na akina mama wa mapanki waitazame, kisha waseme wenyewe: hapa amesema kweli, hapa ametusingizia. Mkutano wa namna hiyo ungekuwa na uzito kuliko tamko lolote, maana wangezungumza wenye jambo.

Huko Paris nako mambo hayakuwa shwari. Mwanahistoria François Garçon aliandika makala na kisha kitabu akiishambulia filamu. Baadhi ya hoja zake, hasa kuhusu ukosefu wa ushahidi wa silaha, zilistahili kusikilizwa. Lakini alipomshutumu Sauper kwamba aliwalipa watoto ili waigize, alishtakiwa kwa kashfa, na mwaka 2008 mahakama ya Paris ikamtia hatiani. Hili nalo ni funzo: anayedai ushahidi kwa mwenzake, naye awe nao.

Kazi za baadaye

Baada ya Mwanza, Sauper aliendelea na swali lile lile la nani anakuja Afrika na kwa sura gani. Alijitengenezea ndege ndogo, akaruka nayo kutoka Ufaransa hadi Sudan, akapiga picha nyakati ambazo Sudan Kusini ilikuwa inapata uhuru, mwaka 2011. Filamu hiyo, We Come as Friends, ilitoka mwaka 2014. Ndani yake wamo wachimba mafuta wa Kichina, wamisionari wa Kimarekani na watu wanaotaka ardhi, kila mmoja akisema amekuja kwa wema.

Mwaka 2020 alitoa Epicentro, iliyopigwa Kuba, nayo ikapata tuzo kuu ya filamu za nje za hali halisi katika tamasha la Sundance. Humo anarudi mwaka 1898, meli ya kivita ya Marekani iitwayo Maine ilipolipuka katika bandari ya Havana na vita vikafuata. Wakati huo sinema ilikuwa changa. Watengenezaji filamu wa Marekani waliweka vijimeli vya kuchezea ndani ya beseni la maji, wakapuliza moshi, wakawaonyesha watu kuwa ni vita vya baharini vya kweli. Watu wakaamini.

Msomaji makini ataona uzito wa jambo hili. Mtu aliyeshutumiwa kwa nguvu ya mishono yake alifika mahali pa kuchunguza jinsi sinema yenyewe ilivyozaliwa pamoja na propaganda ya ubeberu. Hatusemi kwamba alikuwa anajibu watu wa Mwanza. Tunasema kwamba swali tunalomwuliza yeye ni swali ambalo mafundi wa kamera wote wanapaswa kuulizwa.

Kamera yetu ilikuwa wapi?

Tumemchambua mgeni vya kutosha. Sasa tujitazame. Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Mgeni ameshakuja. Mwenyeji alikuwa anafanya nini?

Sinema haikuanza kwetu juzi. Kati ya mwaka 1935 na 1937, Waingereza waliendesha kituo cha majaribio ya filamu huko Vugiri, Usambara, wakitengeneza filamu za kuwafundisha Waafrika kilimo, afya na utii, na kuzizungusha kwa lori katika makoloni ya Afrika Mashariki na ya Kati. Mwafrika alikuwa mbele ya kamera na mbele ya kitambaa, hakuwa nyuma ya kamera. Huo ndio mwanzo wa kasumba ya kudhani kwamba sisi ni wa kupigwa picha tu.

Baada ya Uhuru jambo hili lilitambuliwa. Kampuni ya Filamu Tanzania iliundwa mwaka 1968. Chuo cha vyombo vya picha na sauti kikafuata katika miaka ya 1970. Filamu kama Fimbo ya Mnyonge, juu ya maisha ya vijiji vya ujamaa, zilionyeshwa kwa wananchi. Zanzibar ilianzisha televisheni ya rangi mwanzoni mwa miaka ya 1970. Bara ilichelewa kwa makusudi kwa sababu ya gharama, na redio ikapewa kazi ya kuelimisha umma, kama ilivyofanyika katika kampeni ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973. Lakini katika miaka ya mageuzi ya uchumi vyombo vya filamu vya umma vilififia. Televisheni za watu binafsi zilianza Bara mwaka 1994. Mwaka 1997, Sauper alipoziona ndege mbili Mwanza, Tanzania Bara haikuwa bado na televisheni ya taifa. Tulikuwa tumekiuza kiwanda cha picha wakati ule ule tulipokaribisha kiwanda cha minofu.

Hata hivyo Watanzania wenye uwezo walikuwepo. Mwaka 1992 Flora M'mbugu-Schelling alitoa These Hands, filamu ya dakika 45 juu ya akina mama, wengi wao wakimbizi kutoka Msumbiji, wanaoponda mawe Kunduchi, Dar es Salaam. Filamu haina msimulizi wala mdokezo wa siri. Kamera inakaa karibu na mikono yao, nyundo inapanda na kushuka, mwamba mkubwa unakuwa kokoto. Mtazamaji anaona kiasi cha jasho kilichomo katika ndoo moja. Pale mrija unaonekana, kwa kuwa kamera imekuwa na subira ya kutazama kazi yenyewe. Hakuna sababu yoyote ya maumbile iliyozuia filamu ya namna hiyo kutengenezwa mwaloni Kirumba.

Wajibu wetu

Leo hali ya kando ya ziwa imebadilika. Sangara amepungua, baadhi ya viwanda vimefungwa, na mwaka 2018 Serikali iliendesha Operesheni Sangara kupambana na uvuvi haramu, ambapo nyavu na zana nyingi zilikamatwa na kuteketezwa. Wavuvi wana mengi ya kusema juu ya miaka hiyo, na wengi wana simu yenye kamera bora kuliko ile aliyokuja nayo Sauper. Tatizo si chombo tena. Tatizo ni maarifa ya kukitumia.

Kada akikaa mbele ya filamu yoyote, ya mgeni au ya mwenyeji, na aulize mambo manne. Kwanza, nini nimekiona kwa macho, na nini nimekiunganisha mwenyewe kichwani? Pili, nani anazungumza, na nani ameonyeshwa bila kuzungumza? Tatu, kazi na bei viko wapi? Nne, filamu hii ikimaliza kuonyeshwa, nani atalipa gharama ya yaliyosemwa?

Na kada akishika kamera, na aanze na jambo dogo lenye ushahidi. Amfuate sangara mmoja. Aanzie kwenye wavu huko Kisiwa cha Kome, apande naye mtumbwini, asikie bei ya mwaloni, asome daftari la wakala, asimame mezani kwa mkata minofu, amwone mama anayekaanga mapanki na aulize amenunua kwa kiasi gani. Kila hatua aandike bei kwa tarakimu. Filamu hiyo haitahitaji kivuli cha ndege juu ya maji, na haitaogopa kuonyeshwa hadharani Mwanza, kwa sababu wenye jambo watakuwa ndio mashahidi wake.

Maswali ya kujadili

1. Taja picha mbili katika filamu au taarifa ya televisheni uliyoitazama karibuni ambazo zimewekwa pamoja ili kudokeza jambo lisilothibitishwa.

2. Katika eneo lako, eleza hatua anazopitia samaki mmoja kutoka kwa mvuvi hadi kwa mlaji, na bei katika kila hatua. Nani anapata fungu kubwa, na kwa nini?

3. Je, kususia bidhaa ya nchi maskini ni msaada kwa mzalishaji wake? Katika hali gani ndiyo, na katika hali gani hapana?